Tetere Waliosusa Ungo

Tetere walipoacha kuja uani kwangu, hapa Mtanda, nilimshuku jirani. Mzee yule alihamia kutoka mashambani, na kila asubuhi aliegemea uzio wangu akiuliza yule ni chiriku au shomoro, na tetere wanapenda kula nini. Mtu wa kuuliza hivyo, nilijiambia, ana ulimbo nyumbani, utomvu ule wa kunasia ndege. Maana mimi kosa sikuwa nalo: ungo wao wa chakula niliusugua, na maji yao niliyabadilisha kila siku.

Nikawa nanusa upande wa jiko lake, nikitafuta harufu ya mchuzi wa ndege. Shikamoo yangu ilikuwa kavu. Yeye aliitika marahaba kwa utulivu, na utulivu huo ulinikera zaidi.

Siku moja akanikuta namwaga mtama kwenye ungo, mtama alioniletea kaka yangu kutoka shamba, gunia zima. Mzee akaingia bila kukaribishwa, akachota konzi, akanusa. Kisha akaligeuza gunia na kunionyesha vumbi la manjano kwenye mshono.

"Mwanangu, gunia hili lilikuwa la salfa," alisema. "Ile dawa tunayopulizia mikorosho. Ndege hawaugusi mtama wa hivi."

Nilitaka kubisha. Lakini nyuma yangu, jikoni, uji wa mtama ule ule ulikuwa unatokota. Wiki tatu nzima nilikuwa nikiunywa, na kuyalaumu maji ya bomba kila tumbo liliponiuma.