Mzee Aliyenikataza Kusema Ndiyo

Siku ninayoikumbuka kuliko zote, mwanangu, ni Jumapili moja mchana kule Madibira, nimesimama mlangoni kwa mzee aliyemzidi baba yangu umri, na nimepania kumwambia hapana. Nilinyoosha mkono kubisha hodi, nikaurudisha, nikaunyoosha tena. Mimi nilikuwa msichana wa Kihehe, niliyelelewa kwamba mkubwa akikuambia jua linachomoza Mafinga, wewe unaitikia ndiyo na kugeukia Mafinga. Lakini naona nimeanzia mwisho, kama ninyi mnavyofanya na vitabu. Ngoja nikueleze nilifikaje pale.

Nilikuwa mwanafunzi katika chuo kimoja cha theolojia upande wa Mbeya. Wasichana darasani tulikuwa wachache, na mimi nilikuwa binti wa kwanza kutumwa na usharika wetu huko Iringa vijijini. Siku ya kuniaga, wazee wa kanisa walinipa godoro, wakanipigia makofi, halafu mmoja akasimama akasema kwamba wananijaribu kwanza. Nikifaulu, Rehema, binti wa jirani yetu, naye atakwenda. Nikishindwa, hawatapeleka tena msichana. Alilisema kwa upole kabisa, kama anatangaza siku ya kufyeka makaburi. Rehema alikuwa amekaa benchi la nyuma, macho yote kwangu.

Masomo mengine niliyamudu. Kiebrania ndicho kilichonitoa jasho. Mimi nilikuwa bingwa wa kukariri, basi nikakariri. Nilikariri kila alichotufundisha mwalimu wetu, Mchungaji Sanga, na nadhani nilikariri hata mahali alipokohoa. Kwenye mtihani wa mdomo akaniuliza swali ambalo hakuwahi kulifundisha: “Wewe mwenyewe unauonaje mstari huu?” Nilimtazama, akanitazama. Sikuwa na jibu, kwa sababu haikuwahi kunijia kwamba mimi ninaweza kuuona mstari kwa namna yoyote isipokuwa yake. Nikapata sapu, yaani mtihani wa marudio. Kwetu ukifeli sapu unadisko, unafungasha na kurudi nyumbani, na nikirudi mimi, Rehema naye safari yake imekufa.

Mchungaji Sanga alikuwa mkali lakini hakuwa mbaya. Aliniita ofisini kwake, nikamweleza hata habari za Rehema.

“Si ulisema una shangazi Madibira?” akaniuliza. “Likizo hii nenda kwake. Kuna Myahudi kule, fundi wa mifereji ya mpunga. Kiebrania amenyonya nacho. Mwambie nimekutuma mimi.”

“Myahudi?” nikasema. “Aliye hai?”

Alivua miwani akanitazama sana. Usinicheke, mwanangu. Wayahudi niliwajua tangu shule ya Jumapili, ila niliwaweka fungu moja na Wafilisti: watu wa kwenye Biblia, walioishia kwenye Biblia. Sikujua kwamba unaweza kukutana na mmoja wao amevaa buti za mvua, ana tope magotini, anatafuna andazi. Ndivyo nilivyomkuta Mzee Natani. Nilikuwa nimepanda lori kutoka Chimala lililokuwa linakwenda kuchukua mpunga, nami nilikuwa na tope kama lake.

Kiswahili alikuwa nacho, kilichonyooka kama rula, maana alikuwa amefanya kazi nchi za huku kwa muda mrefu. Nilipopiga magoti kumwamkia alishtuka, akataka kuniinua, tukagongana vichwa. Nilipomweleza shida yangu hakuuliza maswali mengi. Alisema nije kila jioni akimaliza kazi, isipokuwa Ijumaa, kwa sababu jua la Ijumaa likizama yeye hagusi kazi mpaka kesho yake lizame tena.

Shangazi alipopata habari kwamba nafundishwa na mtu wa ukoo wa Yesu, hakulala kwa mawazo ya mboga. Akatafuta kambale mkubwa, akamchemsha kwa nyanya na karanga, akampeleka mwenyewe. Mzee Natani alishukuru sana, akala ugali, kambale hakumgusa. Shangazi akanuna. Ikabidi nimsomee Mambo ya Walawi, pale wanapokatazwa samaki asiye na magamba. Alisikiliza mpaka mwisho, akasema, “Kumbe ile sura anayoirukaga mchungaji, kuna watu wanaiishi.” Siku iliyofuata akapeleka perege, na perege akaliwa mpaka mifupa ikabaki mitupu. Toka hapo wakawa marafiki.

Sasa mimi. Mimi nilikaa mezani kwa mzee yule nikifanya nilichokijua. Akisoma, naandika. Akieleza, naitikia. Akiniuliza ninaonaje, nasema, “Kama ulivyosema, mzee.” Alikuwa na Biblia kubwa ya Kiebrania, na kila ukurasa ulikuwa na maneno machache katikati, yamezungukwa pande zote na maandishi madogo. Nikamwuliza hayo madogo ni nini. Akaniambia ni wazee wa zamani, wa nchi mbalimbali na karne mbalimbali, wanabishana juu ya yale machache ya katikati.

“Nani alishinda?” nikauliza.

“Wote wamechapishwa,” akanijibu, na akafungua ukurasa mwingine.

Niliyazoea maelezo ya Biblia yenye jibu moja, na chini yake muhuri.

Kuna jambo jingine nililolificha. Kabla sijaondoka chuoni, wenzangu walikuwa wameniwekea mikono, wakaomba nimlete Myahudi huyo kwa Yesu, wakanipa na kipeperushi. Nilikuwa sina ujasiri wa kumpa mkononi, kwa hiyo jioni moja nilikiacha chini ya kikombe chake nikaondoka mbio. Kesho yake nikakuta amekisoma chote na kukipigia mistari.

“Nimesoma karatasi yako,” akasema. “Nina maswali.”

Akaanza. Hapa mnasema hivi, mbona nabii anasema vile? Mstari huu mmeukata katikati, mbona hamkuendelea na unaofuata? Mwanangu, nilikuwa na majibu, angalau mawili matatu. Lakini mdomo wangu ulikuwa umeshazoea njia moja tu. Kila alilosema nilijibu, “Ndiyo, mzee.” Nilijikuta nakubaliana naye hata alipokuwa anaupinga ujumbe niliouleta mwenyewe.

Akauweka mkono wake juu ya kile kipeperushi. Hakukasirika, ila sura yake ilichoka.

“Binti,” akasema, “kwetu mtu hasomi Maandiko peke yake. Anatafutiwa mwenzake. Wanaketi meza moja, mmoja anasoma kwa sauti, mwingine anampinga, halafu wanabadilishana. Mimi nilikuwa na mwenzangu tangu ujana. Amefariki. Tangu hapo nasoma na ukuta. Ulipokuja nilifurahi, nikasema Mungu amenikumbuka. Kumbe ameniletea ukuta mwingine.”

Nikaona haya mpaka masikio yakawaka. Nikamwambia kwamba kwetu mtoto hampingi mzee, ni utovu wa adabu.

“Ibrahimu alibishana na Mungu kuhusu Sodoma,” akasema. “Akamwomba apunguze, akamwomba apunguze tena. Wewe unashindwa kubishana na mchimba mifereji?” Akafungua Mwanzo, sura ya ishirini na sita, habari za Isaka na visima. “Nenda na hii. Mimi nasema Isaka ndiye mtu mwema kuliko wote katika kitabu hiki. Usirudi hapa mpaka upate neno la kunipinga. Hata kama ni dogo.”

Nilirudi kwa shangazi nikitembea kama niliyefukuzwa shule, na kwa kweli nilikuwa nimefukuzwa. Sapu ilikuwa inakaribia. Nikaanza kuisoma sura ile peke yangu, neno kwa neno, kwa hasira kidogo. Isaka anachimba kisima, wachungaji wa Gerari wanagombea maji, anawaachia. Anachimba kingine, wanagombea tena, anaondoka tena. Anachimba cha tatu, hakuna anayegombea, anamshukuru Mungu. Nikaona mzee amesema kweli, huyu Isaka ni malaika.

Asubuhi moja, nikiwa barazani na ile sura, shangazi akarudi kutoka shambani na jembe begani, amekunja uso. Jaruba lake la mpunga lilikuwa mwisho wa mfereji, na wenye mashamba ya juu walikuwa wameyaziba tena maji alfajiri. Alikuwa mjane, na shamba lilikuwa hilo hilo moja. Aliketi, akavua kitenge cha kichwani, akasema kwamba mwenye pa kwenda angehama, yeye atahamia wapi. Nikatazama ukurasa. Nikamtazama shangazi. Mwanangu, kuna kitu kikanipanda, na hakikuwa adabu.

Ndivyo nikajikuta Jumapili ile, baada ya ibada, mlangoni kwa Mzee Natani. Nikabisha, akafungua, nikamwambia kabla hata sijamwamkia:

“Hapana, mzee. Isaka hakuwa mwema kuliko wote.”

Akasimama pale pale na kikombe mkononi. “Kwa nini?”

“Kwa sababu alikuwa na uwezo. Alikuwa na watumishi wa kumchimbia kisima kingine. Shangazi yangu yupo mwisho wa mfereji na hana pa kuhamia. Mwenye nguvu akiepuka ugomvi na kuondoka, ugomvi anauacha kwa wasioweza kuondoka. Isaka alipata amani yake, sawa. Je, waliobaki kwenye kile kisima cha kwanza, nani aliwasemea?”

Akageuka akaingia ndani. Nikajua nimeharibu. Nilikwishaanza kutafuta maneno ya kuomba msamaha alipotokea amebeba kiti cha pili, akakifuta vumbi kwa kitambaa na kukiweka, si kando ya meza nilikozoea kukaa, bali upande wa pili, uso kwa uso na chake.

“Kaa,” akasema. “Umekosea, na nitakuonyesha ulipokosea. Soma mbele. Mfalme Abimeleki anamfuata Isaka mwenyewe kutaka amani. Angepigana, angefuatwa?”

“Alifuatwa kwa sababu alikuwa tajiri.”

“Kitabu kinasema walimwona Mungu yuko pamoja naye.”

“Na juu kidogo kinasema walimwonea wivu kwa mifugo yake. Soma tena, mzee.”

“Nimesoma kabla mama yako hajazaliwa.”

“Basi umesahau.”

Tukaendelea hivyo mpaka chai ikapoa na sauti zikapanda. Shangazi, aliyekuwa anapita, akasikia mpwa wake anamfokea mzee wa watu. Akaingia na kupiga magoti moja kwa moja.

“Mzee wetu, utusamehe,” akasema. “Huyu mtoto wamemharibu huko chuoni.”

“Mama, inuka,” Mzee Natani akamwambia, na macho yake yalikuwa yamelowa. “Usimwombee msamaha. Hajanipa heshima kubwa kama ya leo.”

Tangu siku hiyo nilikuwa nakwenda kwake nikikimbia. Kiebrania kilichokuwa kinanitesa kikaanza kunitii, kwa kuwa sasa nilikitafuta nikiwa na hoja ya kutetea. Kile kipeperushi tulikirudia pia, mstari kwa mstari, na safari hii nilimjibu. Hakugeuka Mkristo na mimi sikugeuka Myahudi, na kila mmoja wetu alitoka pale akiijua imani yake kuliko alivyoingia.

Siku ya sapu, Mchungaji Sanga alinipa kitabu cha Ruthu, sura ya kwanza. Nikasoma, nikatafsiri. Akafunga mikono, akasema kwamba Orpa, yule mkwe aliyerudi kwao, alifanya vibaya. Kisha akangoja. Niliwaza godoro langu, nikamwaza Rehema benchi la nyuma. Ingekuwa rahisi sana kusema ndiyo.

“Mwalimu, mimi naona sivyo,” nikasema. “Naomi mwenyewe ndiye aliyemwambia arudi, akambusu. Orpa alimtii mama mkwe wake. Kwetu huyo ndiye mkwe mwenye adabu. Ruthu ndiye aliyebisha.”

Halafu akanielekezea mstari wa kumi na tano, akaniambia nisome. Nikasoma: Orpa amerudi kwa watu wake na kwa mungu wake.

“Huyo mungu wake umemweka wapi katika adabu yako?” akauliza.

Nikausoma tena mstari ule. Nikamwambia kwamba hapo amenishinda.

“Nimekushinda,” akakubali, na ndiyo mara ya kwanza nilimwona anacheka. “Ila miaka yote hii nawasikiliza wanafunzi wakinirudishia maneno yangu. Wewe umenipa shida ya kufikiri. Umefaulu. Kamwambie huyo Rehema aanze kufunga mizigo.”

Rehema alikuja mwaka uliofuata, na baada yake wengine. Mimi nikaja kuwa mwalimu wa Kiebrania hapa Iringa. Kuna msichana mmoja, mwembamba, mkimya, aliyeinua mkono katikati ya kipindi changu akasema, “Hapana, Mama, nadhani umekosea.” Mwanangu, mimi niliyekuwa nangoja neno hilo kwa miaka, nilinuna mpaka jioni. Kesho yake nikambebea kiti mwenyewe.

Basi shika haya. Leo una simu inayokusomea Kiebrania kwa sauti, na ni jambo jema, lakini simu haitakukatalia. Tafuta mtu wa kukukatalia. Mkubwa mheshimu kwa magoti na kwa salamu, kisha mheshimu zaidi kwa kumwambia unachokiona kweli, kwa maneno mazuri. Ukishindwa hoja, kubali, ule chakula, ulale. Na unaposoma kitabu ulichopewa na watu wengine, usiwafanye wenye kitabu kuwa marehemu. Waendee wakiwa hai. Ukiwa na la kuwaambia juu ya imani yako, liseme mezani, usiliache chini ya kikombe.

Mungu wa Ibrahimu, aliyevumilia kuulizwa, akuvumilie na wewe. Akupe mwenzako wa kusoma naye, na mtakapobishana sana, awe kati yenu, asiondoke. Amina.