Redio Iliyougua Mchana

Jumamosi, tarehe 12 ya mwezi wa saba. Asubuhi ukungu wa kiangazi, milima ya Kongo haikuonekana kabisa. Kuanzia saa nne jua kali, upepo kidogo kutoka ziwani, vumbi.

Leo naandika kwa urefu kwa sababu nilimkosea mtu, na nataka ibaki imeandikwa jinsi ilivyokuwa, si jinsi nitakavyoisimulia baadaye. Nilisoma mpaka mwaka wa saba tu. Mambo ya anga nitakayoyataja nimeyapokea kwa mtu mwingine, na kama yamepinda, aliyeyapinda ni mimi.

Mimi ni fundi wa redio, simu kidogo, na taa za sola. Meza yangu iko kwenye soko la Rumonge, upande wa akina mama wanaouza ndagala, dagaa wa ziwa letu. Meza inayofuata ni ya fundi mwenzangu aliyekuja kutoka Muhuta. Tunagawana mwamvuli mmoja. Asubuhi kivuli kinakaa kwake, mchana kinahamia kwangu, na hatujawahi kugombana kuhusu hilo. Nadhani sifa hiyo ni yake kuliko yangu, kwa sababu jua kali ni la mchana.

Mambo yalianza kwa mama mukubwa, mke wa kaka mkubwa wa baba mkwe wangu. Aliletwa Rumonge akiwa bibi harusi, kutoka pwani ya Tanzania, na mpaka leo anatusahihisha Kiswahili sisi wote. Kila siku baada ya Magharibi anafungua redio ya kwao, ile inayokuja kwa mawimbi ya kati kutoka mbali kupita Tabora. Anasikiliza salamu na matangazo ya vifo, na sijui ni kipi kinamfurahisha zaidi. Mwaka huu aliteleza uani kwenye mafuta ya mawese akavunjika mguu. Ndipo kwa mara ya kwanza akawa nyumbani mchana kutwa na redio yake kando ya kitanda.

Akaniita. "Mkwe, redio yangu inaumwa."

"Inaumwa namna gani, mama?"

"Mchana kutwa inakoroma tu. Jua likizama inaamka, inasema vizuri kama kawaida. Kama wewe mwezi wa Ramadhani."

"Nani aliigusa mwisho?"

"Jirani yako. Alinibadilishia spika."

Niliifungua palepale, mbele yake na mbele ya akina mama watatu wa ndagala waliokuja kumjulia hali. Nikaona risasi ya kuchomea ambayo jirani yangu aliweka: nene, imevimba, kama ubani uliotafunwa. Nikawaonyesha. Nikasema, "Tatizo iko hapa. Joto likipanda, risasi hii inalegea na redio inakufa. Jioni ikipoa inashika tena. Huyu jamaa amekuharibia kitu, mama."

Lazima niwe mkweli hapa. Risasi ilikuwa mbaya kwa macho, lakini risasi ya sura mbaya na risasi isiyoshika ni vitu viwili, na fundi yeyote anajua hivyo. Nami nilijua. Nilisema tu kwa sababu watu wanne walikuwa wananiangalia na nilitaka kuwa na jibu. Wale akina mama pia sitawasingizia. Hawakuongeza hata neno moja. Walirudia nilichosema, kama nilivyosema, soko zima.

Wiki haikuisha, meza ya jirani ikawa tupu. Watu walipita mbele yake na redio zao mkononi wakaja kwangu. Alikuwa anasafisha bisibisi ambazo tayari zilikuwa safi. Siku moja aliniambia bila kuinua kichwa, "Fundi mukubwa, nasikia risasi yangu inayeyuka na jua."

"Wanasema hivyo?" nikamjibu.

Maneno hayo mawili yananiuma kuliko yote niliyoyasema kabla yake.

"Wanasema. Ikiendelea hivi, mwezi ukiisha narudi Muhuta. Kaka yangu iko na shamba ya mihogo. Muhogo hauulizi nani amekuchomelea."

Nilicheka, akacheka, lakini yeye hakuwa anatania. Mke wake na watoto wako hapa Rumonge, mkubwa ameanza shule hapa. Nilijua yote hayo nikiwa nacheka.

Basi nikaishughulikia ile redio. Niliondoa risasi yake yote nikaweka yangu, nzuri, inayong'aa. Saa sita mchana: inakoroma. Nikaifungua tena, na katika kupekua nikakata uzi mmoja mwembamba kama unywele kwenye ile fimbo nyeusi inayopokea mawimbi. Kosa hilo ni langu peke yangu. Nilipoteza siku nzima kuuunganisha. Saa sita: inakoroma. Nikajiambia, kama ugonjwa ni joto, dawa ni baridi. Nikaazima boksi la barafu kwa mwenye kuuza mukeke, samaki wa ziwani, nikaifunga redio kwenye mfuko wa plastiki, nikailaza kati ya mabonge ya barafu.

Mama mmoja wa ndagala akasimama akatazama ndani. "Fundi, siku hizi unauza mukeke?"

"Napoza redio."

"Sawa. Ikianza kunuka uniambie, nitakupa chumvi."

Ilipoa mpaka vidole vyangu vilishikwa na ganzi. Ikakoroma kwa ubaridi.

Hapo ndipo alipofika madamu anayefundisha jiografia kwenye lise, sekondari yetu. Alikuja kuchukua taa yake ya sola, akaona boksi.

"Amahoro. Kwa nini redio iko mu barafu?"

Nikamweleza. Hakucheka, namshukuru. Akauliza, "Jioni inasema?"

"Inasema."

"Na redio zingine, ukizitafutia stesheni hiyo mchana?"

Sikuwa nimejaribu. Sokoni kwetu chombo hakiondoki kwa fundi kabla ya kuwashwa mbele ya mashahidi wawili, na mashahidi ni hao hao akina mama. Tunawasha FM. Ikisema, imepona, mwenyewe anaichukua. Tunapima mchana siku zote kwa sababu jioni soko limefungwa. Miaka yote hiyo sikuwahi kutafuta stesheni ya mbali kwa mawimbi ya kati, saa yoyote ile. Na mezani kwangu siku hiyo zilikuwepo redio tano.

Madamu alichukua mbili akazungusha mpaka mahali palepale. Moja ikakoroma. Ya pili ikakoroma.

"Na hizi pia alizichoma jirani yako?" akauliza.

Jirani alikuwa ameenda kuswali. Nilifurahi kwamba hakuwepo, na nikajichukia kwa kufurahi.

Madamu akachukua kifuniko cha karatoni ya sabuni na kalamu yangu. "Simamisha barabara ya Bujumbura, kilomita zake zote sabini na kitu," akasema. "Isimame wima, ianzie hapa Rumonge iende juu. Kabla ya Minago, hapo ndipo mawingu yanaishia, na mvua yote, na pepo zote. Ukipanda unazidi kusikia baridi, hilo unalijua."

"Nalijua. Watu wa Bururi huko milimani wanavaa masweta mwaka mzima."

"Ukipita hapo mpaka kupita Muhuta, iko tabaka ya pili. Joto linarudi kidogo kidogo, kwa sababu kuna hewa inayomeza ukali wa jua isituunguze. Kisha tabaka ya tatu mpaka uingie Bujumbura na kuimaliza. Hiyo ndiyo baridi kuliko zote. Vile vimondo unavyoona vinaanguka usiku, vinaungulia huko. Halafu tabaka ya nne, Kayanza, Rwanda, na mbele zaidi. Huko joto linafika hata digrii elfu moja. Lakini ukikaa huko bila nguo maalumu unaganda."

Hapo nilimkatalia. "Madamu, digrii elfu moja na mtu agande?"

"Cheche ya chuma chako cha kuchomea ikikurukia mkononi, unalia?"

"Hapana. Inazimika."

"Na sufuria ya mawese yanayochemka ikikumwagikia?"

"Hiyo nitalia."

"Cheche ina moto kushinda mawese. Lakini ni kidogo. Hewa ya huko ni cheche, moja hapa, nyingine mbali kabisa. Hakuna ya kukupasha."

Nimechomwa na cheche maisha yangu yote bila kufikiria jambo hilo.

Akaendelea. Jua linaipiga hewa ya huko juu mpaka inavunjika na kubeba umeme. Mawimbi ya redio ya pwani yanapanda, yanagonga umeme huo, yanapinda, yanashuka kwetu. Lakini mchana jua linatengeneza tabaka jingine la umeme chini yake, hapo barabara inapoingia Bujumbura, na huko hewa ni nzito kidogo. Tabaka hilo linayameza mawimbi ya kati kabla hayajafika juu. Jua likizama, linatoweka upesi. Lile la juu linabaki usiku kucha, na njia inakuwa wazi.

"Kwa hiyo redio haiumwi," nikasema.

"Haiumwi."

"Ni anga inayoumwa."

"Hakuna anayeumwa, fundi. Jua liko kazini, basi. Na mimi mwenyewe sijafika huko juu. Nimesoma tu. Jaribu uone."

Hiyo ilikuwa Jumatano. Ningetakiwa kusema siku ileile. Nilijiambia kwanza nihakikishe, na jioni nikahakikisha kwa redio tatu, zote zikasema. Alhamisi nikajiambia madamu amesema mwenyewe kwamba hajaona kwa macho. Ukweli ni kwamba nilikuwa naona haya. Jana jirani alifika sokoni na gunia, akaanza kutia vyombo vyake ndani, kimoja kimoja. Sikulala vizuri.

Leo asubuhi nikaenda kwake kumwomba aje uani kwa mama mukubwa saa sita, na tena jioni, na aje na redio zake mbili. Akauliza ni za nini. Nikamwambia nataka mashahidi. Akasema atakuja kwa sababu hana kazi nyingine, na hiyo kazi nyingine nilijua imeenda wapi.

Nikawaita wale akina mama watatu. Mama mukubwa tulimtoa nje akiwa amekaa kwenye kiti, mguu juu ya mto. Redio nne juu ya mkeka: yake, mbili za jirani, moja yangu ambayo haijawahi kuguswa na chuma cha mtu. Saa sita kamili nikazitafutia zote stesheni ya pwani. Zikakoroma zote nne.

"Umeniletea wagonjwa zaidi," alisema mama mukubwa.

Kumpoza, nilibadilisha redio yake kwenye mawimbi mafupi, mita ndogo, ambayo madamu alisema yanapenya mchana. Nikapata stesheni moja ya mbali sana, mtu anasoma habari kwa Kiswahili. Mama mukubwa alisikiliza sentensi mbili. "Huyu amejifunza kwenye vitabu," akasema. Lakini hakuniambia nizime.

Jua lilipozama nyuma ya ziwa tulirudi tena. Mama mukubwa aliswali Magharibi akiwa amekaa, tukamsubiri. Kisha nikawasha. Mwanzoni mkoromo uleule, na kama madamu alikosea, mimi nimekwisha. Halafu kwenye redio ya jirani, ile ya zamani, sauti ya mwanamke ikaanza kuja na kupotea, ikaja, ikakaa. Ya pili ikafuata, na zile mbili, mpaka zote nne zikawa zinasema maneno yaleyale: fulani wa mtaa fulani anawasalimu wajomba zake.

Nilisimama. "Mimi nilisema risasi ya jirani imeharibu redio ya mama. Si kweli. Mchana stesheni hii haifiki kwa redio ya mtu yeyote, kwa sababu ya jua, huko juu sana. Yeye hakuharibu kitu. Aliyekata uzi ni mimi."

Mmoja wa akina mama akauliza, "Sasa siku ile ulipotueleza habari ya joto, ulikuwa unasema nini?"

"Nilikuwa nasema nisichokijua."

"Ulikisema vizuri lakini."

Jirani alikuwa ameinama anatazama redio. Akasema taratibu, "Na risasi ile ilikuwa mbaya. Siku ile chuma changu kilikuwa kimekufa, nilichoma na msumari wa moto." Hakulazimika kusema hivyo mbele ya watu. Ningekuwa mimi, sijui kama ningesema.

Mama mukubwa akashika redio yake akampa. "Kifungo cha sauti kinateleza. Nitengenezee wewe. Mkwe wangu asiiguse."

Mama wa ndagala mwingine akasema yeye iko na taa mbili nyumbani, atazileta Jumatatu, kama meza itakuwepo. Jirani akasema itakuwepo. Halafu akanigeukia.

"Lakini wewe utalipa alamende, faini ya yale maneno."

"Sema."

"Nataka kula kwako. Na hawa mashahidi wawepo, wanione nikila."

"Lini?"

"Leo. Kesho utaanza kuwa na mashaka."

Nikaenda kumwambia mke wangu kwamba tuko watu saba zaidi, nikihesabu mke wa jirani na mama wakubwa wawili wa mke huyo, waliofika redio zikisoma salamu. Alinitazama kama ninavyostahili. Chakula alikileta palepale uani kwa mama mukubwa kwa sababu ya mguu: bugali wa muhogo, mukeke watatu waliokatwa vipande na kupikwa kwa mawese na vitunguu, mboga ya lengalenga, na ndagala za kukaanga walizotoa akina mama. Mbele ya mashahidi, jirani alikula vichwa viwili vya mukeke, fungu la heshima, na cha tatu tulimwachia mama mukubwa.