Fainali Iliyokwisha Kuchezwa

Kila Jumamosi, baada ya chakula cha mchana, mimi huvaa hedifoni za binti yangu, za rangi ya waridi zenye masikio ya paka, nikakaa mbele ya kompyuta kumpelekea rafiki yangu sauti ya mpira. Nina mvi, nina shahada mbili, na nina kitambi kinachofika mezani kabla yangu. Mke wangu akiwa na wageni hufunga mlango wa chumba hicho na kuwaambia kwamba niko kwenye kikao.

Rafiki yangu yuko Iringa. Mimi niko Mbeya, Iyunga, karibu kabisa na barabara kuu, ambako malori hutikisa vikombe kabatini. Kuna na mwenzetu wa tatu, yuko Rujewa, ana mashine ya kukoboa mpunga. Tulikaa chumba kimoja chuoni, sisi watatu, na hatukuachana tena. Yule wa Iringa alikuwa mpima ardhi mpaka presha ya macho ilipomwachisha kazi. Ugonjwa huo ulianza kwa kumla pembeni. Aliacha kuona milango, kisha akaacha kuona watu waliosimama milangoni, na mwisho hata mke wake aliyeketi mbele yake akawa sauti tu.

Kabla ya hapo tulikuwa tukicheza gemu ya mpira wa miguu kwenye kompyuta, kila mtu kwake, huku tunaongea mtandaoni kwa matusi ya kirafiki. Macho yalipomwishia alisema ameacha, na tukamwitikia kwa ule upole wa kijinga ambao watu humwonyesha mgonjwa. Wiki chache hazikupita akanipigia simu Jumamosi mchana.

"Mnacheza?"

"Tunacheza."

"Basi weka simu karibu na spika. Mimi nitasikiliza tu. Humu ndani kimya kitaniua."

Nikaiweka. Alisikia kelele za mchele ukioshwa, ndivyo alivyoniambia. Baadaye, baada ya kubonyeza kila kitu kilichobonyezeka, nikakuta pale kwenye programu ya maongezi kitufe cha kupeleka sauti ya kompyuta yenyewe, bila kupitia spika wala simu. Sauti ikamfikia safi, sikio la kushoto na la kulia kila moja na yake. Alisikiliza mashambulizi mawili matatu. Kisha akasema, "Winga wako wa kulia yuko peke yake. Mpe."

Nikampa. Tukafunga.

Tangu siku hiyo akawa Kocha, na mimi, kwa shahada zangu mbili, akaniita Profesa. Alisikia mambo ambayo mimi niliyekuwa nayaangalia sikuyaona. Mashabiki wakivuta pumzi, alijua mpira umevuka mstari wa kati. Mguso wa kipa aliujua, na beki aliyechoka alimjua kwa namna anavyouondoa mpira. Aliniamuru nami nikatii, maana peke yangu nilikuwa nafungwa na kila mtu, hata na watoto wa majirani. Tulikuwa timu moja, mimi vidole na yeye akili. Mke wake aliniambia siku moja kwa simu, "Shemeji, Ijumaa jioni anaanza kunyoa ndevu kwa ajili ya mechi yenu." Niliyasikia maneno hayo, nikayaelewa, na bado nikafanya nilichofanya.

Tulikuwa tumeanzisha kombe letu na wenzetu wengine tuliosoma nao. Kocha na mimi tukafika fainali. Wa kucheza nasi alikuwa yule wa Rujewa, ambaye sijawahi kumshinda nikiwa peke yangu tangu tujuane.

Jumamosi ya fainali Kocha alikwenda Tosamaganga kwenye kipaimara cha mtoto wa dada yake. Alisema misa ikiisha tu atarudi mbio, tumsubiri. Tukasubiri. Anayejua misa za kipaimara anajua kwamba hazina haraka, na baada ya misa kuna pilau, na baada ya pilau kuna hotuba za wajomba.

"Sasa tukae hivi hivi kama tuko foleni ya hospitali?" akauliza wa Rujewa. "Tupashe misuli kidogo."

Tukapasha misuli. Nataka kuamini kwamba sikujua kuwa mchezo ule ungehesabiwa kuwa ndio fainali. Lakini maandishi ya fainali yalikuwa juu ya kioo, makubwa, na mimi kusoma nimesomeshwa na serikali. Nikacheza. Na siku hiyo, sijui niliamkia upande gani, nikamfunga mbili kwa moja. Bao la ushindi lilitokana na krosi ndefu, kichwa, wavu. Niliruka mpaka masikio ya paka yakadondoka. Mke wangu akaja kuchungulia, akaniona nikicheza peke yangu katikati ya chumba, akafunga mlango.

Furaha ikapoa nikiwa bado nimesimama.

"Tutamwambiaje Kocha?" akauliza wa Rujewa.

Jibu la haki lilikuwa jepesi: turudie. Kombe lilikuwa letu wenyewe, hakukuwa na chama cha kutufungia. Lakini tukirudia ningefungwa, na nilijua. Niliutaka ushindi ule, na nilitaka pia rafiki yangu afurahi, kwa mpangilio huo huo. Kompyuta yangu hurekodi kila mchezo. Nikasema, kwa sauti ya mtu anayetoa wazo la kitaaluma, "Nitampigia rekodi. Yeye anasikiliza tu. Atajuaje?"

"Na mimi je?"

"Wewe utafungwa upya."

"Kufungwa nimefungwa kweli. Mambo ya kuigiza siyawezi, kaka."

"Unalalamika kidogo tu pale unapofungwa. Kila siku unalalamika bure, leo unashindwa?"

Kocha akafika hewani akihema, bado ana harufu ya pilau, alisema mwenyewe. Akatuomba radhi kwa kutuchelewesha. Akatuomba radhi! Nikabonyeza rekodi, sauti ikaanza kwenda Iringa, na Kocha akaanza kazi.

"Anza taratibu. Usimkimbilie. Sogeza beki wa kushoto."

"Sawa, Kocha," nikasema, mikono ikiwa mapajani.

Sijawahi kukaa mahali pabaya kama pale. Kona ya kwanza akasema, "Piga fupi." Mle ndani ya rekodi, mimi wa saa mbili zilizopita nikapiga ndefu. "Fupi, Profesa, fupi!" Nikamwambia mtandao unachelewa. Akasema sawa. Akaniambia nimtoe winga, amechoka, anasikia. Nikasema nimemtoa. Dakika moja mbele mtangazaji wa kwenye gemu akalitaja jina la winga huyo huyo kwa sauti ya kushangilia.  Nikajitetea kabla hajauliza, "Nilibonyeza vibaya." Kila uongo nilioutoa ulihitaji mwingine wa kuushikilia, na wote ulikuwa wa kitoto, na yeye akaupokea wote.

Ukafika wakati wa bao. Krosi ile ilikuwa bado haijapigwa. Kocha alikuwa anasema, "Rudisha nyuma, usipige, rudisha, rudisha." Na wa Rujewa, maskini, aliyekuwa amekaa akiingoja zamu yake ya kuumia kwa jasho la kweli, akashindwa kungoja zaidi.

"Aaah! Mama yangu!" akalia.

Halafu ndipo krosi ikapigwa. Halafu kichwa. Halafu uwanja mzima ukalipuka.

Kocha hakushangilia. Mpira ulipokwisha, mtangazaji akatutangaza mabingwa, na mimi nikapiga kelele za ushindi zilizonitoka kama kikohozi. Kocha akasema, "Hongereni. Mmecheza vizuri." Hakusema tumecheza. Akatoka.

Jumamosi iliyofuata hakutokea. Nilipopiga, mke wake akasema amepumzika. Iliyofuata tena akasema ametoka. Mtu asiyeona, ambaye hakupenda kutoka, ametoka. Kwangu Mbeya nikaanza kujitetea mbele ya mahakama isiyokuwepo: ni gemu tu, tulitaka kumfurahisha, misa ilikuwa ndefu. Mke wangu nilipomsimulia, nikiwa nimezipunguza makali baadhi ya sehemu, alikuwa anachambua maharage. Hakuinua kichwa.

"Yaani ulimwacha anaongea na rekodi."

"Siyo hivyo."

"Ni vipi?"

 Nikaamua kwenda Iringa. Nilimpigia wa Rujewa nimpitie twende wote, akasema mashine imeharibika. Nyuma yake niliisikia ikinguruma. Lakini nilipofika njia panda ya Rujewa nikakuta amemtuma kijana wake na gunia la mchele, mchele mzuri, wa kunukia. Akaniandikia kwenye simu: mwambie nasikitika.

Kocha alikuwa sebuleni amevaa sweta, redio imezimwa. Mke wake alinipokea kwa "karibu shemeji" ya watu wanaofuata tu adabu, akaweka chai, akaenda jikoni, na jikoni hakukuwa na sauti yoyote ya kazi. Nikaliburuta gunia ndani. Kocha akaligusa kwa mguu, akainama, akalipapasa.

"Mchele?"

"Wa Rujewa."

"Wa nini? Nimefiwa?"

Nilicheka, kwa kuwa ilikuwa inachekesha. Yeye hakucheka. Nikaanza hotuba niliyoiandaa njia nzima, ina utangulizi na kila kitu, akanikata.

"Ngoja, Profesa. Mimi nikueleze kwanza. Nilikwambia piga fupi, ikapigwa ndefu. Ukasema mtandao. Nikakubali. Nikakwambia mtoe winga, ukasema umemtoa, halafu nikamsikia yumo. Halafu jamaa analia, na bao bado. Sasa mtu kama mimi, nifikirie nini?"

"Kwamba tunakudanganya."

"Hapana. Hilo halikunijia hata kidogo." Akageuza uso kunielekea, akakosea kidogo, akawa anaongea na ukuta uliokuwa pembeni yangu. "Nilifikiri masikio yangu yanakwenda. Nilifikiri yanachanganya, la mbele nalisikia nyuma, la nyuma mbele. Nilikaa hapa wiki nzima naogopa. Mke wangu akiongea namwambia rudia, rudia, mpaka akalia. Nikamwambia nipeleke nikapimwe."

Ndiyo ile siku mke wake aliposema ametoka. Mimi nilikuwa na majibu ya kila lawama niliyoitarajia. Hilo halikuwa kwenye hesabu zangu. Nilikuwa nimedhani nimemnyima mchezo mmoja wa Jumamosi. Kumbe nilikuwa nimemtia shaka juu ya kitu pekee alichobaki anakiamini.

"Daktari kanipima, kavaa na uso wa kazi. Akasema masikio mazima, mazuri kuliko ya umri wangu. Nikamuuliza tena. Akasema mazima. Nikatoka pale nimefurahi, wallahi nimefurahi, mpaka tulipofika getini. Ndipo nikajua. Kama masikio yangu ni mazima, basi wabovu ni marafiki zangu."

Nikamwomba msamaha. Sikutumia utangulizi. Nilimwambia kwamba niliogopa kufungwa, kwamba ushindi ule ulikuwa wangu mwenyewe na niliupenda. Alisikiliza kama anavyosikiliza mpira, kichwa kikiwa kimeinama upande.

"Hilo nakusikia," akasema mwishoni. "Kombe chukua. Ulishinda. Lakini ukocha wako nimejiuzulu."

"Tukirudia je? Hata leo. Kompyuta ninayo kwenye gari."

"Nitamfundisha yule wa Rujewa."

Nilidhani anatania. "Yule? Si ndiye tuliyefanya naye?"

"Huyo huyo. Kajitahidi kunidanganya, akashindwa. Mtu anayelia kabla hajafungwa, huyo naweza kufanya naye kazi. Wewe unasema 'sawa, Kocha' sauti haitikisiki."

Jikoni nikasikia sahani. Mke wake alikuwa ameanza kupika wali.

Basi ndivyo tulivyo sasa. Sauti inatoka bado kwangu, kwa sababu mtandao wa Rujewa ni wa kubahatisha, na kwa sababu Kocha ametaka hivyo: anataka kunisikia mimi. Lakini maagizo yake anayatoa kwa simu ya pembeni, moja kwa moja Rujewa, ili nisiyasikie. Kwenye kioo changu naona alama ya maiki yake imepigwa mstari mwekundu, yaani ameizima. Namsikilizisha kila mguso wa mpira wangu na kila kosa langu, na hainirudii sauti yoyote. Ananijua. Anajua nikibanwa napeleka mpira kulia, anajua nikiongoza naanza madaha. Yule mkoboa mpunga amekuwa hatari.

Kabla ya kuanza huwa namsalimu kwa Kihehe, "Kamwene, Kocha." Mstari mwekundu unaondoka. "Kamwene," anaitika, maana salamu Iringa hata adui huitikiwa. Nangoja kidogo, huenda ataongeza neno. Wiki iliyopita aliongeza. Alisema, "Sauti yako ya kulia iko chini."

Nikaipandisha. Nikamuuliza kama inafika vizuri, akasema inafika. Mstari ukarudi, filimbi ikapigwa, nikaanza kufungwa.