Alishona Kivuli Bila Pindo, Sasa Anaomba Leseni ya Watoto

Saa tatu na nusu asubuhi, uani kwa Ofisi ya Leseni za Ufundi wa Maajabu. Mama Sindano amepiga magoti kwenye sakafu, kastabini kidoleni, uzi wa masizi mdomoni. Anashona kivuli cha binti aliyesimama mbele yake.

"Usitikisike, mwanangu."

"Sijatikisika, Mama. Ni hiki kivuli, kinaona aibu mbele ya watu."

Mkaguzi yuko pembeni, faili mapajani. Hacheki. Kazi lazima iishe kabla ya saa sita, maana adhuhuri vivuli vinajikunja chini ya miguu na hakuna wa kuvishona.

Mama Sindano ana miaka hamsini na nane. Ishirini na miwili kati ya hiyo ameshona vivuli: vilivyobanwa na milango, vilivyokwama kwenye seng'enge, vilivyotafunwa na mbwa. Zamani kila mwenye sindano alikuwa fundi. Kuna seremala alishonewa kivuli kichwa chini, akatembea nacho hivyo hivyo mwaka mzima!

Ndipo zikaja leseni. Daraja la tatu ni viraka. La pili ni watu wazima. La kwanza ni watoto, na hilo ndilo analoliota.

Fomu ya daraja la kwanza ina swali moja la mwisho: *Taja kosa lako kubwa, kisha mlete uliyemkosea.* Asiposaini huyo, hupati leseni maisha. Mwaka huu wameomba mafundi arobaini na mmoja. Ishirini na tisa wameandika "sina", wote wakarudishwa nyumbani.

"Hata mimi niliandika 'sina' mara mbili," anasema Mama Sindano, akijifuta jasho kwa mkono wa gauni. "Karani akanirudishia fomu. Namshukuru sana yule dada. Angenipitisha, ningekuwa mwongo mwenye leseni."

Mara ya tatu akaandika ukweli.

Miaka kumi na mitatu iliyopita aliletewa mtoto wa jirani, wa miaka sita, kivuli kimechanwa na geti. Akakishona vizuri, mishono midogo kama ya mashine. Ila akasahau kuacha pindo. Mtoto akakua. Kivuli kikabaki pale pale.

Shuleni wakamwita Chekechea, na jina likaganda. Ndiye binti anayeshonewa leo: ana miaka kumi na tisa, anapaka rangi nyumba za watu, na kivuli chake kinamfika magotini.

"Nikiwa juu ya ngazi, chenyewe kinakaa huko chini kama mtoto aliyenyimwa pipi," anasema Chekechea. "Wateja wanauliza, fundi, umekuja na mdogo wako?"

Wiki tatu zilizopita Mama Sindano alibisha mlangoni kwake.

"Nilikuwa nimemwandalia matusi ya miaka yote hiyo," anasema Chekechea. "Nikafungua, nikaona amepiga magoti kizingitini. Yaani matusi yote yakaniisha! Nikamwambia, Mama, kaa kwanza, unywe maji."

Alimpa maji, lakini saini hakumpa. Alisema atasaini akiona kazi.

Ndiyo maana leo ana kalamu mkononi na bado hajaigusa karatasi.

Tatizo ni kwamba kivuli hakirefushwi kwa hewa. Kinaongezwa kwa kipande cha kivuli cha mtu aliye hai, mwenye hiari. Mama Sindano amekata cha kwake, bila kumwambia mtu, asubuhi hii hii. Akisimama sasa, kivuli chake kinamfika kiunoni.

"Mimi nilishafika urefu wangu," anasema, akicheka. "Kirefu nikipeleke wapi? Tena hiki kifupi hakiniburuzi."

Chekechea anakiangalia kile kivuli kifupi muda mrefu.

Saa tano na robo uzi unakatwa. Binti anainua mkono. Ukutani, mkono mweusi unapanda, unapanda, unafika dirishani. Anaushusha. Anauinua tena. Anaruka. Hata mkaguzi ameinuka kitini.

"Mama, pindo umeacha?"

"La nini tena, mwanangu? Ushakuwa mtu mzima."

"Acha kidogo. Bado nakua."

Mama Sindano anapiga magoti tena, machozi yanadondokea kastabini, anafumua mshono upana wa vidole vinne na kukunja pindo. Chekechea anaigeuza karatasi, anailaza kwenye mgongo wa Mama Sindano ulioinama, na anasaini hapo hapo.

Jumatatu Mama Sindano atafungua chumba chake cha kwanza cha kushonea watoto. Meza ipo, dirisha la mashariki lipo. Kuta hazijapakwa rangi bado, ila fundi keshapatikana, na amekataa kusikia habari za malipo.

"Nitamshukuru mpaka lini huyu?" anauliza Mama Sindano.

"Mpaka pindo liishe," anajibu Chekechea.