Ng'ombe wa Matofali na Babu Aliyekataa Kuomba

Harufu ninayoikumbuka ni ya vumbi linaloungua. Kila asubuhi mama yangu mdogo, Nakiru, alipowasha kompyuta mbili za saiba yake ndogo pale Kakuma, feni zilianza kukoroma, zikavuta vumbi lililopenya kwenye mabati usiku kucha, vumbi likapata moto huko ndani, na chumba kizima kikanuka kama jiko la mkaa lililomwagiwa mchanga. Wateja walikunja pua. Mimi nilivuta pumzi mpaka mwisho, maana kwangu harufu ile ilimaanisha kwamba mashine zimeamka, na mchana, jua likishawafukuza wateja, tutaruhusiwa kucheza. Nilikuwa darasa la sita, nimeletwa kutoka Lodwar kwa likizo ndefu, na mama hakunificha sababu. Nilitakiwa nikae na babu, nimchangamshe. Mama aliamini kwamba kwa mdomo niliokuwa nao ningeweza kuchangamsha hata jiwe, na mimi, kwa kujiona, niliamini hivyohivyo.

Babu ndiye aliyewazaa mama na Nakiru, na alikuwa mfugaji maisha yake yote. Watu walimwita Apalokori, kwa jina la dume lake alilolipenda, Lokori, mwenye mabaka kama ya twiga. Kwetu Waturkana, mwanamume akiitwa kwa jina la ng'ombe wake ameitwa kwa heshima yake yote. Kisha ukame ulikuja ukakaa, ukamaliza ng'ombe, ukarudi kwa kondoo, ukachukua hata mbuzi ambao hula miiba wakashiba. Babu akaletwa kwa binti yake akiwa na fimbo, shuka, na ekicholong, kile kigoda kidogo cha mbao ambacho wazee wetu hukikalia mchana na kukilalia kichwa usiku. Alikiweka mlangoni mwa saiba, akakaa. Ukimwita Apalokori hakugeuka. Kwa desturi yetu, aliyepoteza mifugo huchukua fimbo akazunguka kwa marafiki zake wa mifugo, watu aliowahi kuwapa na wakampa, akaomba kwa huyu mbuzi na kwa yule ndama, mpaka boma lake linaanza kupumua tena. Babu alikuwa na marafiki kama hao kuanzia Oropoi hadi Lokichoggio. Alikataa kwenda. Alisema hawezi kusimama kwenye boma la mwanamume mwenzake mikono mitupu kama mtoto. Basi alikaa tu, akala kidogo, kesho yake akala kidogo zaidi, na mama mdogo akaniambia jikoni, bila kuzunguka, kwamba baba yake asipotoka kwenda kuomba atafia pale mlangoni. Niliogopa sana, na mdomo wangu wote ukaniishia.

Aliyenifundisha mchezo alikuwa Furaha, msichana Mkongo wa rika langu kutoka kambi ya wakimbizi, ambaye mama yake alishona nguo kwenye kibanda cha jirani. Alikuwa mwembamba, mtulivu, na alikuwa na tabia ya kuguna wimbo puani kila alipofikiri, kwa hiyo ulijua akili yake inafanya kazi kabla hajafungua kinywa. Mchezo wenyewe tuliuita Tofali, kwa sababu kila kitu ndani yake, ardhi, miti, wanyama, hata jua, kilikuwa cha pembe nne. Unachimba, unajenga, unalima, na giza likiingia yanatoka madubwana yanakuwinda. Kompyuta zile mbili ziliunganishwa kwa waya, tukawa tunaishi katika nchi moja, yeye kwenye mashine yake na mimi kwenye yangu. Kila jambo la maana ulilofanya lilikumwagia vipira vidogo vya kijani vilivyokurukia mwilini kwa mlio mtamu, na hivyo vipira ndivyo vilivyokuwa alama za uzoefu. Vikijaa, unapanda ngazi. Ngazi hununua nguvu za kutia kwenye shoka na upanga, na hununua jambo moja nililolitaka kuliko yote, yaani haki ya kumpa mnyama jina. Unapeleka kibao cha jina kwenye fuawe, lile pande la chuma ambalo mhunzi hufulia vyuma, unaandika, unalipa kwa ngazi, na tangu hapo jina linaelea juu ya kichwa cha mnyama yule. Nilitaka kulijenga upya boma la babu, ng'ombe kwa ng'ombe, kila mmoja na jina lake, nimwonyeshe. Ulikuwa mpango wa kitoto, lakini ndio pekee niliokuwa nao.

Mimi nilianza vibaya, kwa namna ambayo mtoto wa wafugaji peke yake angeweza kuanza vibaya. Nilipata ng'ombe porini, nikawazungushia ua, nikawalisha ngano wakazaa, ndama nao wakakua wakazaa, na sikumchinja hata mmoja. Nilishindia mikate. Furaha alinitazama siku kadhaa bila kusema, kisha mashine zote mbili zikaanza kwenda kwa kukwama, kwa sababu boma langu lilikuwa limejaa kuliko zilivyoweza kubeba, na hapo uvumilivu wake ukaisha. "Weye, chinja," aliniambia. "Ile ng'ombe ni ya kukula." Nikamjibu kwamba ng'ombe hachinjwi hivihivi bila sherehe wala mgeni. "Mugeni ni mimi," akasema. Tuligombana, tukanuniana, na alasiri ile hakuna aliyecheza.

Yeye alikuwa na njia yake ya kupata alama, na hadi leo nikiikumbuka namvulia kofia. Alikuwa amegundua pango ambamo madubwana ya mifupa mitupu yenye pinde yalizaliwa bila kukoma. Mtoto mwingine angekimbia. Furaha aliweka mienge pango zima, kwa kuwa penye mwanga mifupa haizaliwi, kisha kwa utulivu wa fundi akachimba mfereji, akaumwagia maji, akaupeleka hadi kwenye shimo refu. Alipoondoa mienge, mifupa ikazaliwa, ikabebwa na maji, ikaanguka shimoni, na ilipofika chini ilikuwa imebakiwa na uhai wa ngumi moja tu. Yeye alisimama nyuma ya kijidirisha akiguna wimbo wake, akigonga, vipira vya kijani vikimrukia kama kumbikumbi kwenye taa. Hakukimbizwa na kitu wala hakupoteza mshale. Mimi nilikuwa nimezoea kufikiri kwamba uzoefu hupatikana kwa kuhangaika, na kumbe huyu alihangaika mara moja tu, kwa akili, kisha akakaa.

Tulipopatana alikuja kuchunguza boma langu, na hapo akaona kitu ambacho mimi mwenyewe sikuwa nimekitilia maanani. Kila nilipowalisha ng'ombe wawili na ndama akazaliwa, vipira vichache vya kijani vilinirukia. Akaguna muda mrefu. Kisha akayapanga upya maisha yangu. Ng'ombe wakatiwa kwenye vijia vyembamba ili niwafikie wote bila kuwafukuza. Ngano ikapandwa kando ya mto, karibu, na mbegu zake zikaenda kwa kuku, ili ng'ombe wakipumzika baada ya kuzaa niwe nalisha kuku, na kuku wakipumzika nirudi kwa ng'ombe. Hata mashine nilizokuwa nimezichosha alizifikiria. Aliniomba nimruhusu awapunguze ng'ombe wasio na kazi, na alifanya mwenyewe huku mimi nimetazama pembeni. Ngazi zangu zikaanza kupanda, na nilimpenda Furaha siku zile kwa namna ambayo sijawapenda walimu wangu wengi.

Babu alianza kutupia jicho bila kukubali kwamba anatupia jicho. Siku moja niliwahamisha ng'ombe, na katika mchezo ule huwezi kuwaswaga kutoka nyuma. Unashika ngano mkononi, unatangulia, wao wanakufuata. Nikasikia sauti kutoka mlangoni, kwa Kiturkana, sauti iliyopata kutu kwa kukaa kimya: "Mchungaji gani huyo anayefuatwa?" Niliganda. Baadaye akauliza kwa nini ng'ombe wote wana rangi moja, ni mapacha? Nikamwambia ndiyo maana tunataka kuwapa majina, na anitajie. Akageukia barabara. Mama mdogo, aliyekuwa akitoa fotokopi, alijifanya hajasikia, lakini nilimwona akifuta macho kwa upindo wa leso.

Ilibaki fuawe tu, na fuawe hudai chuma kingi. Furaha ndiye aliyeshuka kukitafuta, kwa kuwa alikuwa na zana bora na ujasiri zaidi. Alikuwa amekusanya ngazi za kutosha kuwapa majina ng'ombe wa babu wote. Huko chini kabisa akavunja tofali moja lililokuwa chini ya mguu wake, kosa ambalo alinikataza mimi kila siku, akatumbukia katika ziwa la moto. Ukifa katika mchezo ule unaanza upya uchi, na ukifia motoni hakuna cha kurudia. Zana zilikwisha, chuma kilikwisha, ngazi za likizo nzima zilikwisha. Furaha aliweka mikono juu ya meza, akatazama sifuri pale ngazi zake zilipokuwa. Mimi nilishaanza kulia kwa niaba yake.

Babu alikuwa amesimama nyuma yetu. "Amepoteza yote?" akaniuliza. Nikamwambia yote. Ndipo Furaha akapangusa kiganja kwenye sketi, akashika kipanya na kuniambia, kwa sauti ileile ya kila siku, "Akai, unipatie ng'ombe mbili. Na ngano kidogo." Babu akataka kujua amesema nini, nikamtafsiria. Akafikiri. Kisha akaniambia nimuulize huyo mtoto kama haoni haya kuomba. Nilisita, kwa sababu niliona swali ni baya kwa mtu aliyefikwa na msiba, lakini mkubwa ameshasema, nikauliza. Furaha aligeuka akamtazama babu kwa mshangao wa kweli, bila utovu wa adabu. "Haya ya nini, babu?" akasema. "Si yeye iko nayo mingi? Sasa nitaanza na nini?" Nilitafsiri neno kwa neno. Furaha akapokea ng'ombe wake wawili, akaenda nao zake, na kabla jua halijapungua tayari alikuwa na ndama.

Asubuhi iliyofuata mlango wa saiba ulikuwa mtupu. Ekicholong haikuwapo, fimbo haikuwapo. Mama mdogo alishika kiuno, akakaa chini kwenye ngazi ya mlango, na kwa muda tuliogopa mambo mawili tofauti, yeye kwamba baba yake amekwenda kufia porini, mimi kwamba maneno niliyomtafsiria yamemuudhi. Kisha muuza maziwa akatuambia amempita mzee kwenye njia ya Oropoi, anatembea kama mtu mwenye safari. Alirudi likizo ikielekea kwisha, amekonda zaidi, miguu imepasuka, mbele yake mbuzi wa rangi mbalimbali waliotoka kwa marafiki tofauti na bado hawajazoeana. Nilimwita, kwa sauti ya kuogopa, Apalokori. "Nini?" akajibu, kwa hasira kidogo, kwa kuwa mbuzi mmoja alikuwa akimponyoka. Nililia mbele ya wateja.

Siku hizi nafanya kazi Lodwar, na wapwa zangu wanacheza mchezo uleule kwenye simu. Umeongezewa mengi, hata mbuzi, hata ngamia, na wao hutazama video za kuwaonyesha njia ya haraka ya kila kitu. Wana ngazi ambazo sisi hatukuziota, nami nafurahi nao, ingawa sijawahi kusikia mmoja wao akimwambia mwenzake nipe wawili nianze. Huenda hawajahitaji. Furaha hakuenda mbali. Yuko Kalobeyei, anafundisha watoto kompyuta asubuhi na jioni anafuga mbuzi katika boma dogo la miiba. Ukame mwingine umepita juzijuzi, mbaya kuliko ule, na babu, ambaye sasa mkono mmoja hushika fimbo na mwingine hunishika mimi, alinisumbua mpaka nikampeleka huko kwa boda boda. Hakutaka chai wala kiti. Alisimama mikono mitupu mbele ya mwanamke mwenye umri wa mjukuu wake, akazungumza Kiturkana, nami nikaanza kutafsiri: "Anasema ukame umemmaliza. Anasema amekuja kuomba..." Sikufika mwisho wa sentensi. Furaha alikuwa ameshafungua boma.