Siku Mume Wangu Aliponyamaza Mbele ya Mfilisi

Nimezeeka, na jambo hili bado halijanikaa sawa kichwani. Enzi za ukoloni tuliishi kambi ya mgodi wa dhahabu upande wa Geita, na mgodi ule ukafilisika. Mkubwa wa mgodi akaondoka bila kuaga mtu, mishahara hakuna. Mume wangu alikuwa anadai miezi mingi. Mimi ndiye nilikuwa na hamu zaidi na fedha ile, maana mahari yangu ilikuwa haijaisha, na ng'ombe waliobaki ndio wangenunuliwa kwayo. Bila ng'ombe hao, mtoto wetu, aliyekuwa bado ananyonya, kwa mila yetu ya Kisukuma alikuwa wa baba yangu, si wa mume wangu.

Sasa, baba yangu huyo huyo ndiye alikuwa nyapara wa mume wangu shimoni. Kwetu mkwe hamtaji baba mkwe kwa jina, wala hawakai chumba kimoja. Kwa hiyo kazini maneno yalipitia mtu wa tatu. Baba anamwambia jirani, "Mwambie yule ashike sururu," na yule amesimama pale pale, amesikia kila kitu, lakini anangoja aambiwe. Mimi niliposimuliwa nilicheka mpaka mbavu zikauma.

Akaja mfilisi, Mzungu mpole aliyeletwa kufunga hesabu za mgodi na kuwalipa wenye madai. Aliketi ofisini na karani mmoja mgeni kutoka pwani. Utaratibu ulikuwa mwepesi: unaingia, unamtaja nyapara wako, nyapara aliyekaa pembeni anakubali kwamba anakujua, unalipwa. Wanyapara wote walikaa kwenye benchi, baba akiwemo.

Sisi wanawake tulibanana dirishani. Mume wangu alipoingia, baba akainuka, akajifunika uso kwa kofia, akatoka kwa mlango wa nyuma.

Karani akauliza, "Nyapara wako nani?"

Mume wangu akainamisha kichwa, kimya.

"Nakuuliza wewe. Uliajiriwa na nani, na majini?"

Wenzake waliokuwa kwenye foleni wakataka kumsemea, karani akawakata kauli. Nikashindwa kuvumilia, nikalitaja jina la baba kwa sauti pale dirishani. Karani akageuka. "Huyo nani? Mkewe? Kumbe mama ndiye aliyekuwa anachimba?" Watu wakacheka, askari akatufukuza. Mfilisi alitazama lile benchi, akamtazama mume wangu, akasema neno kwa karani. Karani akatafsiri kwamba mtu huyu hajulikani, aingie mwingine.

Nilimsubiri nje. Nilikuwa na hasira, nikamwambia jina ni jina tu, lingemtoka mara moja na Mungu angesamehe. Akaniangalia kama mtu aliyeambiwa avue nguo sokoni. "Ningemtaja baba yako mbele ya watu?" Ndiyo heshima niliyolelewa nayo mimi mwenyewe, na nilimpendea hiyo.

Nikaenda kwa baba. Nikampigia magoti, shikamoo, marahaba, nikamuuliza kwa nini alitoka.

"Ulitaka nikae chumba kimoja na mkwe wangu, watu wanione?"

"Mbona shimoni mlikuwa pamoja, baba?"

"Shimoni kuna giza, mwanangu."

Akaendelea kufunga mizigo yake. Yeye alikuwa ameshalipwa. Jibu lile nimeligeuzageuza akilini miaka yote hii. Kuna siku naona ni kweli tupu, mzee alishika mila yake na hakuwa na njia nyingine. Siku nyingine nakumbuka kwamba angeweza kumnong'oneza nyapara mwenzake amkubali mume wangu kwa niaba yake, na moyo unanichafuka. Alijua mtoto atakuwa wa nani. Au hakuwaza kabisa, sijui.

Mfilisi aliondoka na lori lake kabla hatujapata mtu wa kutusemea. Baba akarudi kwao Kishapu. Mtoto alipoacha kunyonya, baba alituma kaka zangu, wajomba wa mtoto, waje kumchukua. Mume wangu aliwapokea vizuri, akawapa viti, akauliza kama baba mkwe hajambo. Kisha akaingia ndani akamvisha mtoto shati mwenyewe, na vifungo vilimchukua muda mrefu sana.