Ubatizo wa Maji Kupwa

Kanisa letu la Ukunda lilikuwa na kazi moja tu duniani: kulirudisha kanisa la mitume kama lilivyokuwa siku ya kwanza. Wengine wote walikuwa wamelipoteza njiani, karne baada ya karne, mpaka likaja kuokotwa na sisi, watu wa bara tuliokuja pwani kutandika vitanda vya watalii. Nimekulia ndani ya kanisa hilo, na mpaka leo sijui kwa nini Mungu aliona aliache jambo zito namna ile mikononi mwetu.

Kanuni ilikuwa nyepesi. Lisiloandikwa katika Matendo ya Mitume halifanyiki. Kinanda hakikuandikwa, basi tuliimba kwa midomo mitupu, na walioimba vibaya waliimba kwa imani zaidi. Majoho ya kwaya hayakuandikwa. Viti vya plastiki, feni na spika navyo havikuandikwa, lakini wazee wa kanisa walikaa kikao juu ya spika wakakumbushana kwamba Petro siku ya Pentekoste alisikiwa na umati mkubwa. Wakaafikiana kwamba spika, kwa namna yake, ilikuwepo.

Kwa vile kila mtu alikuwa na macho yake ya kumsomea Petro, tuligawanyika. Mara ya kwanza tuligombana juu ya kinanda. Mara ya pili ilikuwa kikombe: wengine walisema Bwana alitumia kimoja, na sisi tulinywea vijikombe kama vya dawa ya kikohozi. Kila kundi lililoondoka lilisimika kibao chake kando ya barabara. Ukiteremka kutoka Kombani unavisoma kimoja baada ya kingine, kila kimoja kikitangaza kanisa la kwanza, na lililofunguliwa juzi ndilo la kwanza kuliko yote.

Mama yangu hakujali vibao. Alikuwa mfuaji wa hoteli moja ya Diani hadi alipostaafu, na kanisani alikuwa na kazi moja ambayo hakuna aliyewahi kumpokonya: yeye ndiye aliyeoka mkate wa Meza ya Bwana. Kwetu Meza ilikuwa kila Jumapili, si mara moja moja kama katika makanisa mengine. Basi kila Jumamosi alikanda unga wa ngano na maji matupu, bila hamira wala chumvi, akauoka juu ya kaango kavu. Kisha alichemsha zabibu kavu akazichuja kwa kitambaa cheupe. Nyumba nzima ilinukia zabibu, na sisi watoto tulikatazwa hata kulamba kijiko.

Halafu akaja mwinjilisti mpya. Alikuwa kijana mpole, mwenye tai hata kwenye joto la Januari, na alikuja na swali ambalo alilipeleka nyumba kwa nyumba. Siku ulipobatizwa, aliuliza, uliamini dhambi zako zimeondoka kabla ya maji au ndani ya maji? Ukijibu ndani ya maji, umepona. Ukijibu kabla, basi hukuelewa ulichokuwa ukifanya, na asiyeelewa hakubatizwa.

Mama, ambaye hajui kudanganya hata kwa faida yake, alijibu kabla. Yeye na baba waliokoka kwenye mkutano wa injili uwanjani, wakainua mikono, wakalia machozi, wakaambiwa dhambi zimekwisha. Wiki iliyofuata mhubiri yule aliwabatiza pamoja katika bahari ya Diani, wakiwa wameshikana mikono. Walipohamia kwenye kanisa letu, wazee waliukubali ubatizo ule bila neno, na miaka yote ile hakuna aliyeuliza lolote.

"Mama, ile haikuwa ubatizo," mwinjilisti alimwambia kwa upole wake. "Ile ilikuwa kuoga tu."

Kwetu asiyebatizwa hali Meza, basi kuanzia Jumapili iliyofuata sinia la mkate lilipofika kwake, ilimbidi alipitishe kwa mwenzake bila kugusa. Mkate ulikuwa wake. Aliukanda yeye na aliubeba yeye katika bakuli lenye kifuniko, na mwinjilisti hakuona tatizo lolote kwa mikono ya mtu asiyebatizwa kuendelea kuuoka. Nilipomuuliza mmoja wa wazee kama mitume waliandika lolote juu ya waokaji, aliniambia nina ulimi mrefu. Nilikuwa na hasira ya kuweza kukipiga teke kile kibao chetu.

Jirani yetu, mama wa Kidigo ambaye tumepakana naye ukuta tangu nizaliwe, alimkuta mama ameinama uani, akataka kujua kulikoni. Mama akamweleza.

"Ati mwabatizwa tena?" jirani alisema. "Sisi twatawadha mara tano kila siku, na maji hayajatugombanisha hata siku moja."

Mama alicheka kidogo, kisha akaacha. Lililomkaa rohoni lilikuwa kubwa kuliko sinia. Baba alikuwa mpishi, na alikuwa amefariki. Tulimzika kwao bara, na mzee wa kanisa letu, yule mrefu anayetunza bustani za hoteli, alisafiri nasi njia yote. Alisimama kando ya kaburi akasema marehemu amelala katika Bwana. Sasa kama maji ya mama yalikuwa kuoga, ya baba yalikuwa nini? Ni maji yale yale, saa ile ile, mkono mmoja ndani ya mwingine. Mama angeweza kurudia. Baba hangeweza. Mimi niliona hivyo mara moja nikanyamaza, nikidhani yeye hajaona.

Baada ya miezi kadhaa alikubali kubatizwa upya. Alisema hawezi tena kulipitisha sinia kama mgeni. Nilimwambia asikubali wamtese, akaniambia niache, atazama tu na Mungu ataelewa.

Mwinjilisti alipanga Jumapili asubuhi, mara baada ya ibada, na mwezi ulikuwa mpevu. Mtu yeyote aliyelelewa hapa anajua kwamba mwezi ukiwa mpevu, asubuhi bahari ya Diani huwa imekwenda zake. Wakati wa bamvua kama lile, maji yakipwa hukimbia mpaka karibu na mwamba, yakaacha mwani na vidimbwi. Lakini ratiba ya kanisa ilipangwa na watu wa bara, wanaoamini bahari iko pale pale kama ziwa. Tulipotokea ufukweni na nyimbo zetu, hapakuwa na maji ya kumzamisha paka.

Mwinjilisti hakurudi nyuma. Alikunja suruali, akatuongoza. Kanisa la mitume lilikwenda likiteleza juu ya mwani, akina mama wakishikilia marinda, na wazee wakikwepa miiba ya baharini. Watalii wawili walitupiga picha, na mwenye ngamia wa kupandisha wageni alisimamisha biashara yake atutazame. Mwishowe tulipata dimbwi lililofika magotini.

Wa kwanza alikuwa mhudumu wa baa wa hoteli moja, kijana mwenye miguu mirefu. Mwinjilisti alimlaza, kichwa kikazama, magoti yakatokeza. Mkutano ukanong'ona. Watu waliogawanyika kwa sababu ya kikombe hawangeweza kukubali magoti makavu. Alilazwa tena, magoti yakazama na tumbo likaelea. Mara ya tatu mzee wa bustani aliitwa amkandamize miguu, na kijana alitoka akikohoa chumvi, ameokoka kwa pande zote.

Wakati wote huo mama alikuwa amesimama pembeni na gauni lake jeupe, maji yakimpiga vifundoni. Nadhani kama bahari ingekuwa imejaa, angezamishwa haraka na mambo yangeishia hapo. Lakini alipewa nafasi ya kufikiri, na zamu yake ilipofika aliingia dimbwini akasimama wima.

"Unakiri kwamba hujawahi kubatizwa?" mwinjilisti aliuliza, kama ilivyo desturi yake.

"Mtumishi, nikuulize kwanza. Siku ile ya kwanza nilikuwa na baba watoto. Yeye naye alikuwa anaoga?"

Mwinjilisti alitazama maji. "Mama, hayo ya marehemu tumwachie Mungu."

"Yangu mbona hamkumwachia?"

Mama aligeuka akamtazama mzee wa bustani, ambaye bado alikuwa ameinama mikono majini, tayari kukandamiza miguu yake. Mzee aliangalia kando.

"Basi nipeni taulo," mama alisema. "Mimi nimeshaoga."

Alitoka dimbwini na kuanza kutembea kurudi ufukweni. Nilimfuata na viatu vyake mkononi, nikicheka na kulia kwa pamoja. Nyuma yetu mwinjilisti alianzisha wimbo, na ulipokelewa na wachache.

Jumamosi iliyofuata nilimkuta anakanda unga kama kawaida. Nilimuuliza kwa ukali anamwokea nani tena, akasema anawaokea wanaokula. Nilitaka kuumwaga ule unga, na nilimwambia hivyo. Alinipa zabibu nichambue.

Asubuhi ya Jumapili mzee wa bustani alipiga hodi. Ndiye aliyekuwa na kazi ya kuchukua mkate pale mama asipoweza kuubeba, na safari hii mama alikuwa amesema haendi. Hakuchukua bakuli. Alivua viatu, akaketi.

"Dada," alisema, "pale kaburini niliyasema mimi yale maneno."

"Nilikusikia, mzee."

"Sijayafuta. Na pale majini ilinipasa niyaseme tena. Nilishikwa na woga."

Mama alifungua bakuli, akauvunja mkate, akampa yeye, akanipa mimi, akachukua na chake. Akatumiminia maji ya zabibu katika vikombe vya chai, maana vingine hatuna. Mzee alikula machozi yakimtiririka bila kuyafuta, na mama alitafuna polepole, macho ameyafumba, kama mtu aliyekuwa na njaa ya siku nyingi. Kisha mzee alibeba mkate uliobaki kwenda kwa waliokuwa wakiungoja.

Alipoondoka nilimwambia mama kwamba sasa tuna watu watatu, meza na mkate, na kwa sheria za Ukunda tumepungukiwa na kibao tu. Alicheka, cheko la kweli, la kwanza tangu swali la mwinjilisti lilipoingia nyumbani kwetu.

Kwenye sahani kilikuwa kimebaki kipande kimoja. Niliponyoosha mkono nikichukue alinipiga kwenye vidole.

"Acha," alisema. "Hicho cha babako."